Kumbukumbu za Mama Zimejaa Watu: Barua ya Wazi kwa Watunga Sheria

Waheshimiwa mnaotunga sheria, nanyi mnaosimamia utafiti wa ubongo wa binadamu,

Nawaandikia kuhusu mtambo ambao haupo. Hakuna leo mashine inayoweza kuchota kumbukumbu kichwani mwa mtu na kuzimimina kichwani mwa mwingine, na anayewaambia anayo anazitaka fedha zenu. Najua kuwaandikia wakubwa juu ya kitu kisichokuwepo ni kujitafutia kichekesho. Lakini mama yangu ana ugonjwa wa kusahau, namuuguza mwaka wa sita sasa, na siku mtambo huo utakapotangazwa mtu wa kwanza kupanga foleni nitakuwa mimi. Ndiyo maana naandika mapema. Naomba mnizuie kabla sijafika dirishani.

Mama hanitambui tena kama mwanawe. Kwake mimi ni dada yake mkubwa, yule aliyemlea, ambaye sasa ni marehemu. Mwanzoni nilikuwa namsahihisha. "Mama, ni mimi, binti yako." Ananitazama kwa adabu, vile mtu anavyomtazama mgeni aliyekosea nyumba, halafu machozi yanamtoka. Daktari akanishauri niache. Basi nikakubali kuwa dada. Akiuliza kama mama yao amerudi, namwambia bado, yuko njiani. Nimezoea kuitikia jina lisilo langu bila hata kusita.

Jioni moja tulikuwa tunakunja nguo zilizoanuliwa. Mikono yake haijasahau kukunja: shati linalazwa kifudifudi, mikono ya shati inarudishwa mgongoni, pindo linakutana na kola, kisha kiganja kinapita juu kunyoosha, mara mbili, kama pasi. Bila kuinua uso akaanza kusimulia jambo. Hakuwa ananisimulia mimi, alikuwa anamsimulia dada yake. Lilikuwa jambo la ujana wake, kabla hajaolewa, na linamhusu mtu ninayemfahamu na ambaye bado yu hai. Alipofika mwisho akanigusa goti. "Lakini dada, usimwambie mtu." Nikajibu, "Simwambii." Akavuta shati lingine.

Hamtalisikia kwangu. Hata ndugu zangu hawalijui. Nalitaja kwa sababu kila mtakachokuja kukijadili kuhusu kuhamisha kumbukumbu kilikuwamo chumbani mle jioni ile. Kumbukumbu ilikuwa na mwenyewe. Ilikuwa na mtu aliyekusudiwa kuisikia. Ilikuwa na mtu wa tatu, anayesemwa ndani yake, asiyejua kama anasemwa. Mimi sikuwa hata mmoja kati ya hao watatu, na sasa ninayo, na sina pa kuirudisha.

Wapo watakaosema hizi ni njozi na kwamba watunga sheria wana kazi za maana zaidi. Njozi ni kweli, ila ni njozi ambayo watu wenye maabara wameifukuzia kwa zaidi ya miaka 60. Mwaka 1962 James McConnell wa Chuo Kikuu cha Michigan alichapisha majaribio ya minyoo bapa. Aliwafundisha kujikunja wakiona mwanga, akawakatakata, akawalisha minyoo wasiofundishwa, kisha akadai kwamba waliokula wenzao walijifunza upesi zaidi. Watu wakasisimka. Wengine wakahamia kwa panya, wakawa wanawadunga vitu vilivyokamuliwa kutoka kwenye ubongo wa panya waliofunzwa. Mwaka 1966 watafiti 23 waliandika barua fupi katika jarida la Science wakisema wamejaribu na hawakuona kitu. (Nawaonea wivu. Barua yao ilikuwa fupi kuliko hii, na ilisomwa.)

Mwaka 2018 njozi ikafufuka. David Glanzman na wenzake wa Chuo Kikuu cha California, Los Angeles, walichukua RNA, yaani molekuli zinazobeba maelekezo ndani ya seli, kutoka kwenye neva za konokono wa baharini waliopigwa shoti za umeme, wakawadunga konokono ambao hawakuwahi kupigwa. Waliodungwa, wakiguswa tu, wakawa wanajikunja kwa sekunde 40 hivi, kana kwamba shoti zile zilikuwa zao. Wanasayansi wengi hawajakubali kuiita hiyo kumbukumbu, nami niliye mlezi wa nyumbani niko upande wao: kilichohama pale ni woga. Konokono hakujua alipigwa wapi, wala siku gani. Lakini hebu niambieni, ikiwa kitu cha kwanza kuhama kati ya viumbe wawili ni woga, hamwoni kwamba tayari hapo sheria ina kazi?

Kwa binadamu, jaribio la karibu zaidi ninalolifahamu lilichapishwa mwaka huohuo na watafiti wa Chuo Kikuu cha Wake Forest, Marekani, na wenzao. Wagonjwa wa kifafa, ambao tayari walikuwa na elektrodi, yaani nyaya ndogo za umeme, ndani ya ubongo kwa ajili ya matibabu, walirekodiwa mpangilio wa mawasiliano ya nyuroni zao, yaani seli za neva, pale wanapokumbuka vizuri, kisha mpangilio huohuo ukarudishwa kwao kwa umeme. Uwezo wao wa kukumbuka ukapanda kwa takriban asilimia 35. Kila mmoja alirudishiwa cha kwake. Hakuna aliyepewa sura wala sauti kutoka kichwa cha mtu mwingine. Na hesabu zenyewe haziruhusu pupa. Mwaka 2024 watafiti wa Harvard na Google walichapisha ramani ya kipande cha ubongo wa binadamu cha karibu milimita moja ya ujazo, yaani kidogo kuliko kichwa cha njiti ya kiberiti. Ndani yake walikuta seli takriban 57,000 na miungano ya neva milioni 150, na picha zake zilijaza petabaiti 1.4, yaani zaidi ya gigabaiti milioni moja. Ubongo mzima una nyuroni karibu bilioni 86. Kwa hiyo muda tunao, na huo muda ndio ninaoupigia kelele.

Sasa tuje kwenye mzigo wenyewe. Watu wanaozungumzia kuhamisha kumbukumbu huongea kana kwamba zimekaa kabatini zinangoja kubebwa. Mwaka 2000 mtafiti Karim Nader na wenzake walionyesha kwa panya kwamba kumbukumbu ya woga iliyokwisha kukaa ikiamshwa hulegea upya, na mnyama akipewa wakati huo dawa inayozuia utengenezaji wa protini, haikai tena ilivyokuwa. Kila unapokumbuka umeikunjua nguo, na lazima uikunje upya. Miaka mitano kabla ya hapo watafiti wa saikolojia Elizabeth Loftus na Jacqueline Pickrell waliwapa watu 24 visa vya utoto wao, kimojawapo cha kutungwa, kwamba waliwahi kupotea kwenye jengo la maduka. Karibu robo yao wakaishia "kukikumbuka", ama chote ama nusunusu. Na mwaka 2013, katika maabara ya mwanasayansi Susumu Tonegawa pale MIT, chuo kikuu cha Marekani, panya walifanywa waogope kisanduku ambacho hawakuwahi kuumizwa ndani yake.

Mama ana kisa cha siku niliyozaliwa. Nimekisikia maisha yangu yote. Nilipokuwa mdogo, mvua ilikuwa inanyesha na baba alikuwa safarini. Nilipokuwa msichana, mvua ilibaki lakini baba akawa amesimama nje ya chumba, kalowa. Siku hizi, akimsimulia dada yake, yaani mimi, mvua haipo kabisa, baba hatajwi, na aliyekuwa nje ni dada. Ni mimi niliyekuwa nje nikingoja kuzaliwa kwangu. Mtambo ungechota kipi kati ya hivyo vitatu? Na huyo atakayekipokea atakiamini kuliko mimi, kwa sababu mimi nilikisikia kikibadilika mwaka baada ya mwaka. Yeye atakipata kimoja tu, kikiwa na uhakika wote wa jambo aliloliona kwa macho yake. Mahakama isije ikakubali kitu hicho kuwa ushahidi. Tumekataza shahidi kula kiapo juu ya alichoambiwa na jirani. Akiambiwa na waya, hali haibadiliki.

Hilo la ushahidi nadhani wanasheria wenu wataliona wenyewe. Linaloninyima usingizi ni jingine.

Kiswahili kina neno moja lililozaa ukoo mzima: kutambua. Mtu akizimia tunasema hajitambui. Kijana akipata akili za utu uzima tunasema anajitambua. Karatasi inayosema wewe ni nani tunaiita kitambulisho, na ule utu wako wa pekee, unaokutofautisha na wengine wote, tunauita utambulisho. Katika ukoo wote huo kuna anayetambua na kuna anayetambuliwa. Mama siku nyingine hajitambui. Akipita mbele ya kioo humsalimu kwa heshima yule bibi wa mle ndani, na humpisha apite kwanza. Lakini anatambuliwa. Wajukuu wanamtambua kwa kikohozi chake kutoka chumba cha pili. Hata fundi aliyekuja kutengeneza bomba, ambaye hakuwa amemwona kwa miaka kumi, aliposikia anavyocheka alisimama akasema, "Kumbe bado ni yuleyule."

Yupo mwanafalsafa Mwingereza, John Locke, aliyeandika mwaka 1694 kwamba nafsi ya mwana wa mfalme ikihamia katika mwili wa fundi viatu, ikiwa na kumbukumbu zake zote za kifalme, basi huyo ni yule mwana wa mfalme, ingawa mwili ni wa fundi. Wazo hilo lina zaidi ya miaka 300, na ndilo ambalo kila muuza matumaini atakuja kuwauzia: mtu ni kumbukumbu zake, kwa hiyo ukizihamisha umemhamisha mtu.

Mniruhusu niwakumbushe habari za Henry Molaison. Mwaka 1953, akiwa na umri wa miaka 27, madaktari Marekani walimtoa sehemu za ubongo ili kutuliza kifafa kikali. Kifafa kilipungua, lakini tangu siku ile hakuweza tena kuweka kumbukumbu mpya za matukio, hadi alipofariki mwaka 2008. Mtaalamu wa saikolojia Brenda Milner alimpa kazi ya kuchora nyota huku akiutazama mkono wake katika kioo, kazi inayomchanganya mtu yeyote. Siku baada ya siku mkono wake ulichora vizuri zaidi, ilhali yeye mwenyewe hakukumbuka kuwahi kuifanya. Ukimpima kwa rula ya Locke, Henry alikatika mwaka 1953. Lakini watafiti waliofanya naye kazi kwa miongo walikuwa na mtu mbele yao, mpole, anayependa kujaza mafumbo ya maneno, anayekubali kusumbuliwa ili wengine wajifunze. Nikisoma habari zake naiona ile mikono ya mama juu ya shati.

Sasa fikirini. Tuseme mtambo upo, na kumbukumbu za mama, zile zilizobaki, zimenakiliwa kwa binti wa mdogo wangu. Kuanzia kesho yake mtoto huyo ananiita kwa jina la utani nililoitwa nikiwa na miaka minne. Anajua nilianguka kutoka kwenye mti gani. Anacheka palepale pa kuchekea. Ananijua! Baada ya miaka yote ya kuitwa dada, mtu ananitazama na kunijua. Mnadhani nitakaa wapi jioni? Nitakaa na mtoto. Na yule atakayekuwa kitandani, atakayehitaji kugeuzwa kila baada ya saa mbili ili ngozi isichubuke, nani atamgeuza? Nitasema mama sasa yuko kule, huyu ni mwili tu. Nitalisema taratibu mwanzoni, nikiwa peke yangu, halafu nitalizoea. Ndugu watalipokea kwa shukrani kwa sababu wote tumechoka. Najijua.

Ndiyo maana naomba sheria iseme waziwazi, kabla ya kumgusa mgonjwa yeyote, kwamba kumbukumbu ikihama mtu hakuhama. Aliyetoa anabaki na jina lake, nyumba yake, ndoa yake, haki ya kutibiwa na haki ya kugeuzwa kitandani, hata akibaki hajui lolote. Aliyepokea anabaki na deni lake na kosa lake; akikumbuka ameua, kama ni kumbukumbu ya kupokea, hakuua, na aliyeua hajasafika kwa kuigawa. Urithi usifuate kumbukumbu. Kura kadhalika.

Na mpokeaji naye tumwonee huruma, maana katika mazungumzo haya yote anachukuliwa kama chombo. Kwetu "kukumbuka" kuna maana mbili. Ukimpigia simu ndugu aliye mbali unamwambia "nimekukumbuka", na hapo humaanishi kwamba ulikuwa umemsahau. Unamaanisha kwamba kutokuwepo kwake kumekuuma. Huwezi kupokea ya kwanza ukaiacha ya pili. Binti wa miaka 19 akipokea kumbukumbu za mama atamkumbuka mume aliyezikwa kabla yeye hajazaliwa, atamlilia mtoto aliyefariki akiwa na miezi mitatu, na maziwa hayatamtoka. Nani atakuja kumpa pole? Kwa msiba upi? Madaktari wakishindwa kujibu hilo, wasimfanyie.

Narudi kwa mtu wa tatu, yule anayesemwa ndani ya kumbukumbu, kwa sababu simwoni katika maandishi ya mtu yeyote.

Nchi kadhaa zimeanza kuchukua hatua, na nazipongeza. Chile ilibadilisha katiba mwaka 2021 ili kulinda shughuli za ubongo na taarifa zake, na mwaka 2023 Mahakama ya Juu ya nchi hiyo iliamuru kampuni moja ifute taarifa za ubongo za aliyekuwa seneta, zilizokusanywa kwa kifaa cha kuvaa kichwani. Mwaka 2024 majimbo ya Colorado na California, Marekani, yaliziingiza taarifa za neva katika sheria zao za faragha. Novemba 2025 nchi wanachama wa UNESCO zilipitisha mapendekezo ya maadili ya teknolojia ya neva, yaani vifaa vya kusoma au kuathiri ubongo. Kazi nzuri. Lakini zote zinamlinda mwenye kichwa, kana kwamba ndani ya kichwa kuna mkaazi mmoja. Kwa mawimbi ya ubongo hilo linatosha. Kwa kumbukumbu halitoshi hata kidogo. Kumbukumbu za mama zimejaa watu: mimi nikiwa uchi kwenye beseni, baba akilia mahali ambapo aliamini hakuna amwonaye, jirani aliyekuja usiku kukopa na kuomba asitajwe, na yule mtu wa jioni ya mashati. Hakuna kati yetu aliyeulizwa.

Wazee walisema siri ya mtungi aijuaye kata. Hawakufikiria kwamba siku moja kata itafungwa waya.

Najua mtanijibu kwamba haiwezekani kumtafuta na kumuuliza kila mtu aliyewahi kupita machoni pa mtu mwingine. Ni kweli, haiwezekani. Mtu anaruhusiwa kuandika kumbukumbu za maisha yake akatutaja sote. Ila anayeandika anachagua. Anaruka ukurasa, anabadilisha jina, anafikia mahali anaweka kalamu chini. Mtambo hauna aibu hiyo. Kwa hiyo pendekezo langu ni la kienyeji kidogo, wataalamu walipige msasa: kisihamishwe kitu ambacho mwenyewe, akiwa na akili timamu, hakuwa tayari kumwambia mpokeaji huyohuyo kwa mdomo wake. Aketi naye amsimulie kwanza. Akinyamaza mahali, mtambo nao unyamaze hapohapo. Na mpokeaji afungwe na kiapo kama kile cha daktari, cha kutokitoa alichokipokea, kwa maneno, kwa maandishi, wala kwa mtambo mwingine.

Nikikubali kanuni hiyo nimejifungia mlango mwenyewe. Mama hana tena uwezo wa kuketi na kuchagua. Ningetakiwa nichague kwa niaba yake, na nimeshaona kuchagua kwa niaba kunavyokuwa. Mwaka juzi tulimpeleka kupigwa picha ya ubongo mahali fulani. Nikapewa fomu ya kurasa nne niisaini kama mlezi. Ukurasa wa tatu, kwa herufi ndogo, palikuwa na mstari unaosema picha na taarifa zake zinaweza kutumika kwa "madhumuni mengine yanayofaa". Nikamuuliza kijana wa mapokezi, madhumuni gani hayo, na yanamfaa nani? Akanijibu bila ubaya wowote, "We saini tu dada, kila mtu anasaini." Nyuma yangu kulikuwa na foleni, mama alikuwa ameanza kuvua viatu katikati ya ukumbi. Nilisaini. Mpaka leo sijui nilikubali nini. Hiyo ilikuwa picha ya ubongo tu, vivuli vyeupe na vyeusi, haina siri ya mtu. Msiniachie kalamu hiyo siku ambayo kitakachokuwa kwenye fomu ni ujana wake.

Kwa hiyo: ridhaa ya kuhamisha kumbukumbu isitolewe na mtu mwingine, awe mtoto, mume, mke, daktari au hakimu. Asiyeweza tena kuitoa mwenyewe, na hakuitoa mapema kwa kumtaja mpokeaji, aachwe na alichonacho kiishe naye. Najua ninachokiomba. Najua ni kumwacha mama aondoke na kila kitu.

Kuna mambo mawili ya biashara, nayapitia haraka. Kwanza, makampuni hufa. Kampuni moja ya Marekani iliyowawekea vipofu zaidi ya 350 vifaa vya kuona ndani ya jicho iliacha kuvihudumia ilipoishiwa, na watu wakabaki na kifaa mwilini kisicho na fundi. Kumbukumbu zilizohifadhiwa na kampuni iliyofilisika zisiwe mali ya kugawana wadai. Zifutwe, na mtu wa serikali asimame pale akishuhudia.

Pili, zisiuzwe. Mtaambiwa mtu ana uhuru wa kuuza kilicho chake. Figo nayo ni yake, na nchi karibu zote zimekataza kuiuza, kwa sababu tunajua nani huwa anauza na nani huwa ananunua. Kumbukumbu itakuwa hivyohivyo. Tajiri hatamuuzia maskini utoto wake. Mwenye njaa ndiye atakayeuza harusi yake abaki na picha, na mnunuzi ataivaa jioni moja kujiburudisha kisha aitafute nyingine. Wakiwaambia inanakiliwa tu, mwenyewe habaki bila, waulizeni kama wao wangependa usiku wao wa harusi uwe vichwani mwa watu elfu moja wasiowajua. Na mwajiri asiruhusiwe kumtaka mfanyakazi aache kumbukumbu za ujuzi wake anapostaafu, eti ni mali ya kazini.

Sijazungumzia jeshi wala polisi. Nyinyi mnayajua zaidi hayo, na naogopa kuwapa mawazo.

Iwapo mtaitisha maoni ya wananchi kabla ya kuandika muswada, niko tayari kufika kueleza haya kwa mdomo, yote isipokuwa lile moja. Naomba tu iwe asubuhi, wakati nikiwa na mtu wa kunishikia zamu. Jioni siwezi kutoka. Mama akiamka usingizini asipomwona dada yake huenda kumngoja mlangoni, na hakubali kukaa mpaka amwone.

Wenu mtiifu,
Binti yake